Kiti cha Waziri Mkuu si ngome: kisa cha Ashgrove

Wengi tumezoea kuona rais akipigiwa kura na nchi nzima, hivyo tunadhani kiongozi wa serikali ya jimbo huko Australia naye huchaguliwa na jimbo zima. Si kweli. Waziri Mkuu wa Queensland ni mbunge kama wengine, na majirani wa mtaani ndio wanaoamua kama atabaki bungeni.

Ashgrove, eneo bunge la vitongoji vya Brisbane, lilionyesha hilo waziwazi. Campbell Newman, aliyekuwa meya wa Brisbane, alikabidhiwa uongozi wa chama cha LNP (Liberal National Party) mwaka 2011 akiwa hana kiti bungeni. Akagombea Ashgrove dhidi ya Kate Jones wa chama pinzani cha Labor, mbunge tangu 2006, ambaye alikuwa ameacha uwaziri ili ashughulikie wapiga kura wake. Machi 2012 Newman alishinda, na LNP ikanyakua viti 78 kati ya 89, naye akawa Waziri Mkuu.

Kwa wingi huo, nani angedhani ataanguka? Lakini Januari 2015 Jones alirudi na kumng'oa palepale, na serikali ya Newman ikaanguka pia: Labor viti 44, LNP 42. Annastacia Palaszczuk, kiongozi wa Labor, akaunda serikali kwa kuungwa mkono na mbunge huru, Peter Wellington. Kwa maoni yangu huo ni uwajibikaji wa kweli.

Mipaka ilipochorwa upya, Ashgrove ilifutwa kwenye uchaguzi wa 2017. Mahali pake pakaja Cooper, na Jones akashinda huko pia.