Somalia ya mwaka 2012 na dhana ya nchi isiyo na serikali

Wengi wetu bado tunasema kwamba Somalia haijawahi kuwa na serikali tangu Rais Siad Barre alipong'olewa Januari 1991. Si kweli. Serikali ya mpito iliundwa Arta, Djibouti, mwaka 2000, na nyingine Nairobi mwaka 2004, ingawa zote zilikuwa dhaifu.

Mwaka wenyewe wa kuutazama ni 2012. Tarehe 1 Agosti, wajumbe wa bunge la katiba walipitisha katiba ya muda mjini Mogadishu kwa kura 621 dhidi ya 13, huku washambuliaji wawili wa kujitoa mhanga wakijilipua nje ya lango, lakini kikao kiliendelea. Tarehe 20 wabunge wa bunge jipya wakaapishwa kwenye uwanja wa ndege, kwa sababu za usalama. Tarehe 10 Septemba walimchagua Hassan Sheikh Mohamud kuwa rais kwa kura 190 dhidi ya 79 za Sheikh Sharif, rais aliyekuwa madarakani, naye akakubali kushindwa, jambo ambalo kwa maoni yangu halijapewa uzito unaostahili. Wananchi wa kawaida hawakupiga kura, kwani wabunge wenyewe waliteuliwa kupitia wazee wa koo.