Faili la shamba likikwama, si lazima ungoje tu

Hapa Mombasa utaskia kila baraza, ati jina likikosewa kwenye rekodi ya shamba, ama hekta 2.4 iandikwe 0.24, basi ni kungoja ama kutoa ya chai. Mimi pia nilikua naamini hivyo, wallahi. Lakini sivyo.

Katiba ya 2010, kifungu cha 47, inakupa haki ya kuhudumiwa na ofisi ya serikali bila kucheleweshwa, na sheria ya 2015 ya hatua za kiutawala inahesabu kuchelewesha kupita kiasi kua sababu ya kwenda kortini, yani hata kama hawajakukatalia, kule kunyamaza kwenyewe tayari ni kesi.

Ila usikurupuke. Andika barua kwa msajili wa ardhi, ueleze kosa, ubaki na kopi iliyogongwa muhuri (ile ya mdomo haisaidii kitu, jamani), kisha ukumbushe, na kwa Ombudsman (tume inayopokea malalamiko dhidi ya ofisi za serikali) waweza kulalamika bure. Wakizidi kunyamaza, Mahakama ya Mazingira na Ardhi yaweza kumuamuru msajili afanye kazi yake, ama iamuru rejista yenyewe irekebishwe.