Risiti ziko kwa nani? Nadharia za usawa na mgawanyo wa mali za ndoa

Ndoa inapofika mahakamani kuvunjwa, mara nyingi suala la nani alimkosea nani limeshawachosha wote. Kinachobaki ni nyumba, kiwanja, bajaji, fremu ya duka, labda shamba la heka mbili, na swali gumu: nani achukue nini, na kwa sababu gani? Kila hakimu anayetamka kwamba mke apate theluthi au mume abaki na nyumba anakuwa amechagua nadharia fulani ya haki, hata kama hakuitaja. Kwa mwananchi ni muhimu kuijua, kwa kuwa nadharia hiyo ndiyo inayoamua analala wapi baada ya hukumu.

Tanzania Bara inaongozwa na Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971. (Zanzibar ina utaratibu wake, sitauingia hapa.) Kifungu cha 114 kinaipa mahakama mamlaka ya kugawa mali ambazo wanandoa wamezichuma wakiwa katika ndoa kwa jitihada zao za pamoja. Kabla ya kugawa, mahakama inatakiwa kuangalia mambo manne: mila za jamii ya wanandoa hao, ukubwa wa mchango wa kila mmoja wa fedha, mali au kazi, madeni yaliyokopwa kwa manufaa ya wote wawili, na mahitaji ya watoto. Kisha linakuja agizo ambalo naona halipewi uzito linaostahili: baada ya kuyazingatia hayo, mahakama ielemee upande wa mgawanyo ulio sawa.

Mwaka huohuo wa 1971, huko Marekani, mwanafalsafa John Rawls alichapisha kitabu kilichobadili mjadala wa haki katika kugawana. Alitutaka tufikirie watu wanaokaa kupanga kanuni za kuishi pamoja huku hakuna anayejua atakuwa nani katika jamii hiyo: tajiri au fukara, mwenye kipaji au asiye nacho. Katika hali hiyo, alisema, watu wenye busara wataanza na usawa, na tofauti wataikubali pale tu inapomnufaisha hata yule aliye chini kabisa. Kwa maneno mengine, usawa hauhitaji kujitetea. Anayetaka zaidi ya mwenzake ndiye mwenye kazi ya kueleza.

Rawls aliipa familia nafasi ndogo mno katika hoja hiyo. Susan Moller Okin, aliyezaliwa New Zealand na kufundisha Marekani, alimkosoa vikali kwa jambo hilo mwaka 1989. Alisema huwezi kujenga jamii yenye haki juu ya nyumba zisizo na haki, maana mtoto hujifunza kwanza nyumbani nani anastahili nini. Pendekezo lake lilikuwa la wazi: pale mmoja anapofanya kazi ya mshahara na mwingine akabeba kazi ya nyumba, sheria iyatambue mapato yote kuwa ni ya wote wawili kwa kiwango sawa. Yule anayepika na kulea anawezesha mshahara ule kupatikana.

Hapa kwetu hoja hiyo ilifika mahakamani kabla ya Okin kuiandika. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliamua rufaa inayojulikana kama Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu. Mahakama ya Mwanzo ilikuwa imesema kwamba mwanamke yule alikuwa mke tu, na kwamba nyumba ilinunuliwa kwa fedha za mume. Mahakama Kuu ikakubaliana nayo. Suala lililobaki kwa majaji wa rufani lilikuwa kama kazi za mke wa nyumbani zinaingia katika maneno "mchango" na "jitihada za pamoja". Majaji wa nchi hii walikuwa wamegawanyika. Wapo walioona kwamba mke anafanya wajibu wake tu na hawezi kuudai malipo, na wapo walioona kwamba kazi ni kazi. Mahakama ya Rufani ikachukua mtazamo mpana: kazi za nyumbani ni mchango, na zinahesabika.

Watu wengi wanaishia hapo wanapoisimulia kesi hii. Ukweli ni kwamba Bi Hawa alishinda hoja lakini hakupata mali. Mahakama iliona kwamba mumewe alikuwa amempa fedha za kuanzisha biashara ya familia naye akazitumia vibaya, hivyo mchango wake ukaonekana kuwa umeshaliwa. Hapo ndipo inapoonekana tofauti ya nadharia mbili ambazo zote hujiita za usawa. Moja inasema watu walipwe kadiri walivyochangia, na usawa wake uko katika kutumia kipimo kimoja kwa wote. Nyingine inasema waliounganisha maisha wana hisa sawa katika kilichopatikana, na daftari la nani aliweka nini halifunguliwi isipokuwa kwa sababu nzito. Mwaka 1983 mahakama iliupanua mchango, lakini ikabaki katika nadharia ya kwanza.

Kwa nini hilo liwe tatizo? Tuangalie jinsi nyumba ya kawaida inavyojengwa. Mume ni fundi au karani, mke ni mama lishe au anauza mboga gengeni. Kiwanja kinanunuliwa, na hati ya mauziano kwa mwenyekiti wa mtaa inaandikwa jina la mume kwa kuwa ndivyo ilivyozoeleka. Matofali yanafyatuliwa. Maji ya kufyatulia anayabeba mke na watoto, ndoo baada ya ndoo, na mafundi wanakula chakula chake mpaka kuta zinafika kwenye lenta. Kisha unakuja wakati wa kupaua. Mume anachukua mkopo kazini na kununua mabati. Mwaka huo wote mke ndiye anayelipa unga, mkaa, dawa na sare za shule.

Miaka inapita, ndoa inavunjika. Mume anatoa risiti ya mabati na mkataba wa mkopo. Mke anaulizwa, "Una ushahidi gani?" Unga umeliwa na sare zimechakaa, na hakuna aliyewahi kumwandikia risiti ya ndoo ya maji. Fedha ya mume iliweza kwenda kwenye bati kwa sababu fedha ya mke ilikwenda kwenye unga, lakini bati linaonekana na unga hauonekani. Kanuni inayosema kila mtu athibitishe mchango wake inasikika kuwa ya haki kabisa, kwa kuwa wote wanaulizwa swali moja. Ila wanaoulizwa hawakuwahi kuwa na nafasi sawa ya kutunza jibu. Kwa hiyo nasema mzigo wa kuthibitisha nao ni kitu kinachogawanywa, na leo hii tunamtwisha aliye dhaifu zaidi sehemu kubwa kuliko anayoweza kuibeba.

Kenya imepita njia ndefu zaidi katika suala hili, na ina mengi ya kutufundisha. Kwa miaka mingi mahakama zake zilitumia sheria ya Uingereza ya mwaka 1882 kuhusu mali za wanawake walioolewa. Mwaka 2007, katika kesi ya Echaria, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba bila Bunge kutunga sheria, mchango usio wa fedha haungeweza kumpa mke hisa. Katiba ya mwaka 2010, ibara ya 45(3), ikaja na tamko la haki sawa wakati wa kufunga ndoa, ndani ya ndoa na inapovunjika. Mwaka 2013 ikafuata Sheria ya Mali ya Ndoa, ambayo inataja wazi kwamba mchango ni pamoja na kazi za nyumbani, malezi ya watoto, kuwa mwenza, usimamizi wa biashara ya familia, na kazi ya shamba. Orodha hiyo ni nzuri mno. Hata hivyo kifungu cha 7 cha sheria hiyohiyo kiliufunga umiliki kwenye mchango wa kila mmoja, na Januari 2023 Mahakama ya Juu ya Kenya ikakazia kwamba ibara ya 45(3) haimaanishi nusu kwa nusu moja kwa moja. Kila upande uthibitishe. Katika kesi hiyo mke alithibitisha, akabaki na nusu aliyopewa na Mahakama ya Rufani, wakati Mahakama Kuu ilikuwa imempa asilimia 30 ya nyumba na asilimia 20 ya vyumba vya kupangisha. Ndoa ni ileile na mali ni zilezile, lakini majibu yalikuwa mbalimbali kabisa. Mwanamke asiye na uwezo wa kukata rufaa hadi juu angebaki na zile asilimia 20.

Rwanda iliingia kwa mlango mwingine. Sheria yake ya mwaka 1999 iliwapa wanandoa uhuru wa kuchagua utaratibu wa mali siku ya kufunga ndoa ya kiserikali, na wasipochagua chochote, mali ilihesabiwa kuwa ya wote. Faida yake ni kwamba swali linaulizwa mapema, wakati watu bado wanapendana, na anayetaka mpango usio wa usawa anausema mbele ya mwenzake. Udhaifu wake ni kwamba asiyefunga ndoa ya kiserikali alibaki nje, na walikuwa wengi.

Wapo wanaopinga usawa wa namna hiyo, na hoja zao hazipaswi kudharauliwa. Je, aliyeolewa kwa miezi sita apate nusu ya nyumba iliyojengwa kwa miaka kumi? Je, mlevi aliyekuwa akiuza vyombo vya ndani apate sawa na mkewe aliyekesha akikaanga maandazi? Tukumbuke kwamba hoja hii inawalinda wanawake pia. Mwanafalsafa Ronald Dworkin alilishughulikia jambo hili mwaka 1981: usawa wa kweli unatutaka tubebe matokeo ya machaguo yetu wenyewe, lakini si ya bahati mbaya tusiyoichagua. Ulevi na ufujaji ni machaguo. Kuzaliwa msichana katika nyumba iliyopeleka wavulana tu shule si chaguo, na mshahara mdogo uliotokana na hilo usimfuate mtu hadi siku ya talaka. Kifungu chetu cha 114 kina nafasi ya kutosha kuyapokea hayo yote. Mali iliyokuwepo kabla ya ndoa haiingii, isipokuwa pale ilipoboreshwa kwa kiasi kikubwa na mwenza au kwa jitihada za wote. Ninachodai ni kwamba mahakama ianzie kwenye nusu, kisha anayetaka kutoka hapo ndiye alete ushahidi. Maneno ya sheria, kuelemea upande wa usawa, yanaruhusu tafsiri hiyo bila hata Bunge kubadili herufi.

Tangu 1999 mwanafalsafa Elizabeth Anderson wa Marekani amesisitiza upande mwingine wa usawa: lengo lake kuu ni watu kuishi bila mmoja kuwa chini ya himaya ya mwingine, na kulinganisha vitu ni sehemu ndogo tu ya lengo hilo. Kwa ndoa hoja hii ina uzito mkubwa. Mke anayejua kwamba akiondoka ataondoka na kanga zake tu anavumilia kipigo asichopaswa kuvumilia. Kwa hiyo kanuni ya mgawanyo inafanya kazi hata katika nyumba ambazo hazitafika mahakamani kamwe, kwa kuwa inaamua nani anaweza kusema hapana mezani.

Ndoa za wake wengi zinahitaji makala yake peke yake. Kwa ufupi, nusu haiwezi kupigiwa hesabu pale mke wa kwanza alipojenga kwa miaka ishirini na wa pili akaingia nyumba ikiwa na umeme, na hapo kuangalia nani alichuma nini na lini hakuepukiki.

Madeni nayo yanagawanywa, jambo ambalo watu husahau. Mkopo wa kausha damu uliochukuliwa kulipa ada ya mtoto ni deni la manufaa ya wote, na mahakama inatakiwa kulizingatia hata kama aliyesaini ni mmoja. Ukibaki nalo peke yako bila kulitaja, umepunguziwa hisa yako kimyakimya.

Kabla ya kufungua shauri la talaka, kwa kawaida mgogoro hupita kwanza kwenye Baraza la Usuluhishi wa Ndoa, iwe la kata, la Bakwata au la kanisa. Baraza linasuluhisha, halina mamlaka ya kugawa mali, hivyo usisaini mgawanyo wowote hapo kwa kuambiwa ndiyo sheria. Mahakamani, usiseme tu "nilisaidia kujenga". Sema ulipika kwa ajili ya mafundi wangapi, maji ulichota wapi, ada ya nani ulilipa na kwa miaka gani. Leta shahidi: fundi aliyekula chakula chako, jirani, mwenzako wa kikoba anayekumbuka ulichukua mkopo mwaka gani. Taarifa ya miamala ya simu inaweza kuonyesha miaka ya kununua mahitaji ya nyumbani. Kisha mwombe hakimu azingatie maneno ya mwisho ya kifungu cha 114(2) kuhusu mgawanyo ulio sawa, kwa kuyataja kabisa.

Na kwa walio ndani ya ndoa yenye amani: kifungu cha 59 cha Sheria ya Ndoa kinamzuia mwenza kuuza au kuweka rehani nyumba ya familia bila ridhaa ya mwenzake, na mwenye maslahi anaweza kuweka zuio kwenye usajili. Kifungu cha 161 cha Sheria ya Ardhi ya 1999 kinamtambua mwenza ambaye jina lake halimo kwenye hati lakini jasho lake limeitunza au kuiendeleza ardhi hiyo. Siku ya kununua kiwanja, kabla ya mwenyekiti wa mtaa hajagonga muhuri, ombeni majina yote mawili yaandikwe kwenye hati ya mauziano.