Miaka yangu saba iko wapi? Kesi za muda wa machimbo ya mawe

Mteja wangu mmoja, mwenye machimbo ya kokoto upande wa Lugoba, mkoani Pwani, Tanzania, aliingia ofisini na bahasha ya kaki iliyojaa vumbi la mawe hadi kwenye mikunjo. Akaitoa leseni, akaiweka mezani, akagonga kwa kidole tarehe ya mwisho.

"Wakili, hapa wamekosea. Mimi nimeanza kuponda mwaka wa tatu. Miaka yangu saba iko wapi?"

"Mzee, tarehe haina kosa," nikamwambia. "Tatizo ni wapi umeanzia kuhesabu."

Alinuna, na sikumlaumu. Miaka miwili ya mwanzo iliishia kwenye mvutano na wenye mashamba juu ya njia ya kupitisha magari, kisha kuisubiri kresha, mashine ya kuponda mawe. Ila leseni ndogo ya uchimbaji, ile tunayoiita PML, kwa Sheria ya Madini ya 2010 ni ya miaka saba, na saa yake huanza kutembea inapotolewa. Haisimami kwa sababu tipa limekwama njiani.

Swali lake limewachosha majaji wa nchi nyingi. Mimi nikitaka kulielewa huwa naenda India. Mahakama zetu hazifungwi na hukumu za kule, lakini huzisikiliza, na hata Sheria yetu ya Mikataba ina asili yake kwenye ile ya India ya 1872. Isitoshe, Wahindi wameshtakiana juu ya mawe kuliko mtu yeyote ninayemjua.

Chukua jimbo la Tamil Nadu. Huko machimbo ya mawe kwenye ardhi ya serikali hukodishwa, mara nyingi kwa mnada au zabuni, chini ya kanuni za 1959 za madini madogo, yaani mawe, mchanga na mengine ya ujenzi. Kanuni hizo ziliweka vipindi viwili: miaka kumi kwa eneo lisilowahi kuchimbwa, mitano kwa eneo lililokwisha kuchimbwa. Sababu yake anaijua yeyote aliyewahi kufungua mlima. Kabla hujauza hata lori moja, unakwangua udongo wa juu, unachonga njia, unatafuta jiwe zima lilipo. Anayerithi shimo la mwenzake anaanza na jiwe liko wazi usoni.

Ugomvi ukazaliwa hapo hapo. Tangazo la mnada linasema miaka mitano. Mtu anashinda, anasaini, anachimba. Mwaka wa tano ukikaribia anakwenda mahakamani: eneo hili lilikuwa halijaguswa, kwa hiyo kanuni inanipa kumi, na tangazo la ofisa haliwezi kuishinda kanuni. Hoja ina nguvu, maana ofisa hana mamlaka ya kupunguza kilichotolewa na kanuni. Lakini serikali nayo ina jibu: ulijua ni mitano ulipotaja bei. Wenzako walioshindwa nao walipiga hesabu ya mitano. Wangejua ni kumi, wangepanda dau.

Mimi naegemea upande wa serikali hapa, ingawa nakula kwa wachimbaji. Mnada ni ahadi kwa wote waliokuwepo, akiwemo aliyeondoka mikono mitupu. Mwenye malalamiko juu ya muda ayatoe kabla nyundo haijagonga.

Halafu kuna swali la ushahidi: nani anathibitisha kwamba mlima haukuwahi kuguswa? Shimo la zamani lililoota vichaka laweza kuwa la mkandarasi wa barabara, au la wanakijiji waliochukua mawe ya msingi. Ripoti ya ofisa aliyekagua kabla ya mnada inakuwa na thamani kuliko maneno ya mawakili wawili.

Hukumu ninayoirudia zaidi ni ya Mahakama ya Juu ya India ya mwaka 1981, Jimbo la Tamil Nadu dhidi ya Hind Stone. Desemba 1977 serikali ya jimbo iliingiza kanuni mpya, 8-C, iliyowafungia watu binafsi mlango wa kukodishwa machimbo ya granaiti nyeusi. Waliokuwa wameomba kuongezewa muda kabla ya hapo wakasema: maombi yetu yalikuwa mezani kwenu, mmeyakalia, sasa mnatuhukumu kwa kanuni iliyozaliwa jana? Mahakama ikasema ombi huamuliwa kwa sheria iliyopo siku ya uamuzi. Kuomba nyongeza hakukupi haki ya kuipata, hata ofisi ikichelewa. Ni kali, lakini ndivyo ilivyo.

Mwaka 2012 mahakama hiyo hiyo, katika shauri la Deepak Kumar dhidi ya Jimbo la Haryana, ilikuta maeneo yanakatwakatwa yawe chini ya hekta tano ili kukwepa kibali cha mazingira. Ikaamuru hata vipande hivyo, na nyongeza za muda pia, vipate kibali kwanza. Watu wakajikuta na miaka kwenye karatasi bila ruhusa ya kuchimba, wakadai siku zile warudishiwe. Lilikuwa swali la mzee wangu, kwa lugha nyingine. Tofauti ni kwamba wao walisimamishwa na amri ya dola. Yeye alisimamishwa na majirani na mashine, na hilo kulidai kwa serikali ni kazi ngumu.

Nilimwambia tuache kupigania miaka iliyopita. Leseni ilikuwa na miezi mitano mbele. Tukakusanya risiti za ada ya mwaka na za mrabaha, yaani malipo ya serikali kwa mawe yaliyochimbwa, cheti cha mazingira, na makubaliano ya njia aliyoyasaini na wale wenye mashamba. Risiti moja ya mrabaha ilikuwa imefutika kwa jasho mfukoni mwa dereva, ikabidi tuombe nakala. Ombi la kuhuisha likaingia leseni ikiwa bado hai.

Alipotoka aliniuliza kama muda mpya ungehesabiwa tangu siku atakayonunua kresha ya pili.