"Nguo wasanii watakuja nazo"

Wiki iliyopita produza mmoja wa filamu kanipigia simu nikiwa Kariakoo, napapasa vitambaa. "Dada, bajeti yetu ndogo. Wewe tusaidie seti tu. Nguo usihangaike, wasanii watakuja nazo." Kauli hiyo naisikia tangu nikiwa mbeba mabegi ya mavazi, mpaka leo nabuni mavazi na seti, yaani mandhari ya filamu. Leo naijibu.

Filamu hairekodiwi kwa mfuatano wa hadithi. Nyumba ya Sinza imekodiwa siku mbili, basi sini zote, yaani vipande vya hadithi, za nyumba hiyo zinapigwa siku hizo mbili: ya 3, ya 41, kisha ya 12. Shati alilotoka nalo mhusika mlangoni ndilo lazima awe nalo akifika barabarani, hata kama barabara tunaipiga wiki tatu baadaye. Shati likiwa la msanii, jioni linarudi kwake. Linafuliwa, linakwenda harusini. Mimi limenitokea: siku ya sini ya kufukuzana, shati lilikuwa Mwanza, mdogo wake kasafiri nalo. Nusu siku imeenda tunatafuta linalofanana, jenereta inakunywa mafuta, watu wanakula wali wa produza. Pesa ile ingeshona mashati matatu.

Na matatu ndiyo hesabu yangu. Sini ya damu au matope haitoki kwa teki moja, yaani kurekodi mara moja, na kila teki inaanza na shati safi. Ndiyo maana nakata jora moja, fundi anashona yote kwa mkupuo.

Halafu msanii huchagua nguo ili apendeze, si ili awe mtu mwingine. Matokeo yake tunamwona mama lishe wa Manzese akisonga ugali na kucha za bandia. Shati la kuli hupauka mabegani kwanza, gunia linapokaa. Nalipauisha kwa msasa, nalifua mara tano, naliloweka kwenye chai ya rangi. Kuna mjane wetu mmoja alikuja msibani na kanga yake ya nyumbani. Hakuna aliyesoma jina la kanga hiyo mpaka siku ya kuonyesha: "Japo sipati tamaa sikati." Ukumbi mzima ulicheka, marehemu hajazikwa. Kanga inasomwa, jamani. Mtazamaji wa Kiswahili huanza na jina kabla ya uso.

Kauli nyingine ninazoambiwa nazipitia haraka.

"Filamu ya zamani? Nenda Karume kachukue mitumba." Karume napapenda, nafika belo zikifunguliwa. Lakini zamani haiishii kwenye nguo. Nimeona sebule ya Magomeni ya mwaka 1975 yenye bendera ya CCM ukutani. CCM imezaliwa tarehe 5 Februari 1977. Kabla yake ilikuwa TANU. Na pembeni runinga, wakati vituo vya televisheni Bara vimeanza mwaka 1994. Weka redio, itoshe.

"Seti na mavazi si kazi moja?" Ni idara mbili. Mwaka 2019, kati ya Oscar ilizopata filamu ya Black Panther, mbili zilikuwa za idara hizi, kila moja na yake: ya mavazi kwa Ruth E. Carter, ya usanifu wa mandhari kwa Hannah Beachler na Jay Hart. Kwa bajeti zetu nazibeba zote, sawa, ila malipo ya moja kwa kazi mbili ni punguzo nililokupa mimi. Usiligeuze utaratibu.

"Nyeupe inang'aa kwenye kamera." Inang'aa mno, inaunguza picha. Mistari myembamba nayo inachezacheza. Nyeupe iloweke kwenye chai kidogo. Shati la mistari muachie msanii mwenyewe.

"Lazima ukasome ng'ambo, au ujue kuchora." Kuchora kunasaidia, na chuo cha sanaa cha TaSUBa kipo hapo Bagamoyo. Mimi kijana akitaka kazi nampa skripti na kalamu: niorodheshee hadithi inachukua siku ngapi, na kila mhusika anabadili nguo mara ngapi. Wengi hawarudi. Waliorudi nafanya nao kazi mpaka leo.

Yule produza nimemtumia hesabu ya mashati matatu. Kajibu usiku: "Dada, mawili hayatoshi?"