Sinema ya Kimalayalam: maana yake na maisha yaliyomo

Wengi wetu tukisikia filamu za Kihindi huwaza Mumbai, nyimbo na dansi. Sinema ya Kimalayalam ni jambo jingine. Ni filamu za lugha ya Kimalayalam, lugha ya jimbo la Kerala, kusini-magharibi mwa India, ile pwani ya Malabar ambako majahazi yetu yalikuwa yakienda kwa upepo wa kusi. Sifa yake kubwa ni kwamba mahali na kazi za watu haviwi mapambo tu, ndivyo vinavyoendesha kisa.

Katika Chemmeen ya Ramu Kariat (1965), wavuvi wanaamini kuwa usalama wa mume baharini unategemea uaminifu wa mkewe aliyebaki pwani. Imani hiyo ndiyo inayowaangamiza wapendanao.

Lakini kama unataka kuielewa dhana hii vizuri, tazama The Great Indian Kitchen ya Jeo Baby (2021). Bi harusi anahamia kwa mumewe, na kamera inamfuata jikoni. Anakata mboga, anakuna nazi, anasugua masufuria, anafuta meza ambayo wanaume wameiachia masalia ya chakula chao. Baba mkwe, kwa sauti ya upole, anataka wali upikwe kwa kuni na chatne isagwe kwa jiwe, hata kama mashine ipo. Bomba la sinki linavuja. Mume anaombwa amwite fundi, anasahau, anakumbushwa, anasahau tena. Nyumba ni ya watu wenye heshima zao, na hapo ndipo inapouma: uonevu wote umo kwenye taratibu ambazo kila mtu anaziona za kawaida.

Halafu kuna Ghuba, ambako watu wa Kerala wamekwenda kutafuta riziki kwa miongo mingi. Pathemari (2015) inamfuata mtu aliyefika huko kwa jahazi na kuumaliza ujana wake akituma pesa nyumbani. Aadujeevitham (2024) ni ya mfanyakazi aliyenaswa jangwani Saudia akichunga mbuzi. Mtu wa Mombasa au Dar mwenye ndugu Uarabuni hahitaji kufafanuliwa.

Anayeanza leo, mimi ningempa Sudani from Nigeria (2018). Ni ya Malappuram, wilaya ya Waislamu wengi inayohusudu mpira. Mchezaji wa Kinigeria anaumia, anauguzwa nyumbani kwa meneja wake, na mama wa nyumba anamlisha na kumliwaza kama mwanawe ingawa hawaelewani lugha.