Geji Inasema Hewa Imezidi? Usikimbilie Kuongeza Mafuta

Jumamosi moja aliingia gereji kwangu, Tabata, kijana mwenye Subaru Forester ya tabo (kile kifaa kinachosukumia injini hewa zaidi), uso umemkunjamana. Alikuwa ameshabadilisha plagi, ameshaweka pampu mpya ya mafuta, na ameshafunga regileta ya kupandisha presha kwa mkono. Geji yake ya waidibendi, ile inayoonyesha uwiano wa hewa na mafuta (ikizidi 14.7, hewa imezidi), ilikuwa bado inaandika 16.4 gari likiwa kwenye sailensi, yaani injini inawaka bila kukanyagwa mafuta.

"Fundi, hili gari lina njaa ya mafuta," akaniambia. "Nimelipandishia presha kutoka baa 3 mpaka 4, wapi!"

Nikachomoa plagi moja. Nyeusi tii, masizi yanabaki kidoleni. Nikachomeka mashine ya kupimia: kompyuta ya injini ilikuwa inapunguza mafuta kwa asilimia 16. Hapo ndipo niliposimama na kujikuna kichwa kidogo, kwa raha. Ukipandisha presha kutoka baa 3 hadi 4, nozeli inamwaga zaidi kwa asilimia 15 hivi, kwa sababu umwagaji unafuata kipeuo cha pili cha presha, haufuati presha yenyewe. Kwa hiyo kompyuta ilikuwa imeona mafuta yote aliyoyaongeza huyu bwana, ikayarudisha karibu tone kwa tone. Plagi inasema mafuta yamezidi, kompyuta inasema yamezidi, geji peke yake inasema yamepungua. Mashahidi wawili kwa mmoja, na huyo mmoja ndiye aliyesikilizwa.

Kosa lenyewe naliona karibu kila mwezi, ndiyo maana naandika. Watu wanadhani ile sensa ya kwenye ekzosi inayoipa geji namba (siyo ya mwaka 2022 ya kuhesabu watu, ingawa hii nayo kazi yake ni kuhesabu) inapima petroli. Haipimi petroli. Mchanganyiko ukiwa na hewa ya ziada, inachohesabu ni oksijeni iliyobaki kwenye moshi pale iliposimama. Ndani yake kuna kijichumba kidogo sana na kipampu cha umeme kinachotoa oksijeni au kuingiza mpaka kile kijichumba kiwe sawa. Umeme unaotumika kufanya hivyo ndio unaogeuzwa kuwa namba kwenye geji. Oksijeni ikiwa haijazidi wala haijapungua, kipampu hakina kazi, na geji inaandika 14.7, yaani kilo 14.7 za hewa kwa kilo moja ya petroli, ambayo pia huitwa lamda 1. Oksijeni ikionekana, namba inapanda. Imetoka wapi oksijeni hiyo? Sensa haijui, na wala haiulizwi.

Inaweza kuwa imetoka ndani ya silinda kwa sababu mafuta kweli ni machache. Inaweza vilevile kuwa imeingia njiani kupitia tundu kwenye ekzosi.

Hili la pili watu wanalibishia sana. "Fundi, ekzosi inatoa moshi nje, hewa itaingiaje ndani?" Moshi hautoki kama maji ya bomba. Unatoka kwa mapigo, pu, pu, pu, kila silinda kwa zamu yake. Katikati ya pigo na pigo, msukumo ndani ya bomba unashuka chini ya ule wa nje, na tundu lile lile lililokuwa linapuliza sasa linavuta. Kwenye sailensi mapigo yako mbalimbali na moshi ni mchache, kwa hiyo hewa kidogo tu ya nje inaharibu hesabu yote. Ukipandisha mzunguko, mapigo yanasongamana na uongo unapungua. Ukibeba mzigo, tundu linapuliza tu, na geji inarudi kusema kweli.

Basi nikamwambia yule kijana tutoke. Tukaenda mpaka Barakuda na kurudi, yeye anaendesha, mimi nasoma. Sailensi 16.4. Mwendo wa kawaida, injini ikizunguka mara 3,000 kwa dakika, ikawa 15.1. Alipokanyaga na tabo ikaamka, 10.4! Gari lenye njaa ya mafuta halisomi 10.4 likiwa na mzigo. Hiyo ni injini inayooga petroli.

Kutafuta tundu hakuhitaji mashine ya bei mbaya. Nilisubiri injini ipoe kabisa, nikachukua mashine ya kufyonzea vumbi, nikachomeka hosi upande wa kupuliza, mdomo wake nikauingiza kwenye bomba la nyuma na kuuzungushia matambara mpaka ukakaza. Kijana wangu wa gereji akapita chini na chupa ya kupulizia yenye maji ya sabuni ya unga, anapulizia kila maungio kuanzia kichwa cha injini kushuka. Kwenye manifodi, bomba la kwanza linalokusanya moshi wa silinda, kimya. Kwenye maungio ya tabo na bomba linaloshuka, povu likaanza kuchemka kama maziwa yanayotaka kumwagika, likatengeneza kiputo kimoja kikubwa, kikapasuka, likaanza upya. Tulipofungua tukakuta gasketi imekatika sehemu ya upana wa ukucha, na aliyekuwa ameligusa gari kabla yetu alikuwa ameipaka silikoni nyekundu ya kutosha kuziba mtumbwi.

Sensa ya kiwandani ya gari lile, ile inayosomwa na kompyuta, ilikuwa imekaa juu, kabla ya tabo. Sensa ya geji ilikuwa chini, baada ya hiyo gasketi. Ndiyo maana moja ilikuwa inaona moshi safi na nyingine inaona moshi uliochanganyika na upepo wa Tabata. Gasketi mpya ya chuma, nati mpya, presha ikarudi baa 3, kumbukumbu za kompyuta zikafutwa. Gari likapata moto, geji ikakaa inacheza kati ya 14.5 na 14.9. Regileta nilimwambia auze.

Silikoni ile isipite hivi hivi. Mvuke wa silikoni za kawaida za gasketi unaiua sensa taratibu: unaacha utando kama wa kioo kwenye vitundu vinavyopitisha moshi, na sensa inakuwa nzito kujibu, kisha inaanza kutoa namba za ajabu. Zipo silikoni zilizoandikwa kwenye tyubu kwamba hazidhuru sensa ya oksijeni. Tofauti ya bei si kubwa.

Kabla hujatambaa chini ya gari, hakikisha injini haimisi. Silinda moja isipowaka, hewa yake yote inapita na oksijeni yake mpaka kwenye sensa. Petroli nayo inapita mbichi, lakini sensa inaelemewa na ile oksijeni, kwa hiyo geji inaruka 17, 18, huku nyuma ya gari pua inawasha kwa harufu ya mafuta. Nimeona mtu amebadilisha pampu kwa sababu ya koili moja mbovu ya plagi.

Halafu kuna wanaopiga simu wakiwa wanashuka kutoka Kimara kuja Ubungo: geji imeandika 20, au vistari. Umeachia pedeli ya mafuta? Basi ni sawa. Ukiachia pedeli gari likiwa kwenye gia, kompyuta inakata mafuta kabisa, na sensa inasoma hewa tupu.

Sasa umeme, ambako ndiko kazi yangu hasa iliko. Ukiwa na kompyuta ya kutyuni (ile unayoipangia mafuta mwenyewe kwa laptopu) inayosoma geji kwa waya wa volti, unaweza kukuta geji inaandika 14.7 na laptopu inaandika 15.3 kwa wakati mmoja. Ililetwa Toyota Mark II ya namna hiyo, na mwenyewe alikuwa tayari ameongeza mafuta kwenye ramani yote (jedwali la mafuta ndani ya kompyuta) kwa kuiamini laptopu. Geji ile ilikuwa inatoa volti 0 kwa 10 na volti 5 kwa 20, yaani kila volti moja ni pointi 2. Tofauti ya 0.6 ni volti 0.3. Nikaweka waya mwekundu wa multimita kwenye ethi ya geji (waya wake wa hasi unaofungwa kwenye chuma cha gari) na mweusi kwenye ethi ya kompyuta, injini ikiwa inawaka: 0.29. Nikamwambia awashe taa na feni ya AC, ikapanda 0.4, na laptopu ikapanda nayo.

Mtu alikuwa amefunga ethi ya geji kwenye bolti ya mabano nyuma ya redio, juu ya rangi, pamoja na waya wa feni. Hita ya sensa inavuta ampea zake, feni inavuta zake, zote zinarudi kwa njia hiyo nyembamba, basi ethi ya geji inainuka juu kidogo kuliko ethi ya kompyuta. Kompyuta inaona volti zimezidi, nayo inatafsiri kwamba hewa imezidi. Nilihamishia ethi ya geji pale pale ethi za kompyuta zinapofungwa kwenye injini, nikakwangua mpaka chuma kikang'aa. Zikafanana. Ukiona geji na laptopu hazikubaliani, usiguse ramani mpaka umepima hilo.

Kuhusu sensa yenyewe nitasema machache. Bosch LSU 4.9, ambayo geji nyingi za sasa zinaitumia, inafanya kazi ikiwa na joto la karibu nyuzi 780, na hita yake ndiyo inayolileta. Kwa hiyo usiiache kwenye ekzosi bila umeme eti geji utaifunga wiki ijayo, masizi yataiziba. Ndani ya plagi yake ya waya kuna rezista iliyopimwa kiwandani kwa ajili ya sensa hiyo hiyo, kwa hiyo fundi anayeikata plagi hiyo na kuunga waya moja kwa moja ameitupa hesabu ya sensa. Zile za LSU 4.2 zinahitaji kurekebishwa kwenye hewa safi mara kwa mara. Hewa safi maana yake sensa iko nje ya bomba, na wewe uko nje ya gereji, siyo pembeni ya gari lingine linalonguruma. Ikirekebishwa kwenye moshi, namba za baadaye hazitaaminika. Sensa ikae upande wa juu wa bomba, siyo chini, maana matone ya maji ya asubuhi yakigusa udongo wake wa moto unapasuka. Na isikae karibu na mwisho wa bomba, hapo hewa inarudi yenyewe kwa nyuma bila hata tundu.

Mpaka hapa utadhani nasema geji ni mwongo daima. Hapana. Mimi nina kanuni moja: namba kubwa kwenye sailensi naitilia shaka, namba kubwa kwenye mzigo naiamini mpaka ithibitishwe vinginevyo. Gari la tabo likisoma 14 huku umekanyaga mpaka mwisho, toa mguu hapo hapo, usirudie "kuhakikisha". Pistoni haikupi nafasi ya kurudia.

Mashine ya kupimia inakusaidia kujua pa kuanzia. Kompyuta ikiwa inaongeza mafuta asilimia 20 kwenye sailensi kisha 4 tu kwenye mzunguko wa 2,500, tafuta hosi iliyopasuka upande wa hewa baada ya sensa ya hewa, ile inayopima hewa inayoingia kwenye injini. Ikiwa sailensi ni shwari na nyongeza inakua kadiri unavyobeba mzigo, mafuta hayafiki: chujio, pampu, au sensa ya hewa iliyojaa vumbi.

Na pampu isiyofikisha mafuta siyo lazima iwe mbovu. Toyota Altezza moja ililetwa na pampu ya tatu ndani ya miezi miwili, zote "mbovu". Nikapima umeme kwenye waya za pampu, gari likiwa na mzigo: betri ina volti 13.9, pampu inapata 11.1. Waya wa kiwandani wa miaka zaidi ya ishirini, plagi yake imeungua mpaka plastiki imekuwa kahawia. Nikavuta waya mnene kutoka kwenye betri kupitia fyuzi na relei, waya wa zamani ukabaki kuamsha relei tu. Pampu ya kwanza, ile aliyokuwa ameitupa kwenye buti, ndiyo imo kwenye tangi mpaka leo.